Zabuni ya Daraja Si Jambo la Wazabuni Peke Yao

Mkazi wa Mabatini hukutana na mradi wa Serikali kwa mara ya kwanza kupitia kibao. Husimikwa kando ya barabara kikiwa na jina la kazi, taasisi inayoimiliki, mkandarasi, mhandisi mshauri, gharama, na tarehe za kuanza na kumaliza. Kibao ni jambo jema, na kiendelee kuwekwa. Lakini siku kinaposimikwa, kila uamuzi wenye uzito umeshapita: vigezo vya zabuni vimeshaandikwa, wazabuni wameshachujwa, bei imeshakubaliwa, mkataba umeshasainiwa, na pengine malipo ya awali yameshaingia benki. Mkazi anaarifiwa kilichoamuliwa. Akitaka kuhoji namna kilivyoamuliwa, atakuta kwamba muda wa malalamiko ulikuwa wa wazabuni, nao umekwisha.

Kata hii ya Wilaya ya Nyamagana, jijini Mwanza, inaujua uzito wa kazi za umma kwa kuishi nao. Nyumba zake zimejipanga kwenye mawe na mteremko, na Mto Mirongo hupita ukipeleka maji ya milimani Ziwa Victoria. Mvua kubwa ikinyesha, daraja, kalavati na mitaro ndivyo vinavyoamua kama familia italala au itakesha ikiinua magodoro juu ya meza. Maji yakizidi pale Mabatini kwenye Barabara ya Nyerere, daladala za Igoma zinakwama, wagonjwa wanakwama, na biashara ya asubuhi inapotea. Kalavati likijengwa dogo kuliko maji yanayopita, au mtaro ukimwagwa zege hafifu, anayepata hasara si mzabuni aliyekosa kazi. Ni mpangaji wa bondeni, ni mama mwenye genge, ni mtoto anayevuka kwenda shule.

Hoja yangu ni hii. Sheria yetu imeweka njia ya kuhoji zabuni hadi Mahakama Kuu, na njia hiyo ni nzuri. Lakini imemkabidhi ulinzi wake mzabuni peke yake, mtu mwenye sababu nyingi za kunyamaza, na imemwacha nje mwananchi ambaye ndiye atakayelipa na ndiye atakayevuka. Mapitio ya mahakama juu ya zabuni za ujenzi yafunguliwe kwa mkazi wa eneo la mradi, tena yafanyike mapema na kwa siku zilizohesabiwa, kabla zege halijamwagwa.

Sheria inavyosema

Tanzania imeandika upya Sheria ya Ununuzi wa Umma mara kadhaa katika karne hii: mwaka 2001, mwaka 2004, mwaka 2011, na sasa Sheria Namba 10 ya mwaka 2023, iliyoanza kutumika Juni 2024. Mfumo wa kielektroniki wa NeST ulichukua nafasi ya TANePS mwaka 2023, na leo mwenye simu ya kawaida yenye intaneti anaweza kuona matangazo ya zabuni na majina ya walioshinda. Kanuni za mwaka 2024 zimepandisha kutoka shilingi bilioni 10 hadi bilioni 50 kiwango cha kazi za ujenzi zinazotengwa kwa wakandarasi wa ndani. Hizo ni hatua za kweli, na walioziandaa wanastahili pongezi.

Mgogoro ukitokea, ngazi ziko wazi. Mzabuni asiyeridhika hupeleka malalamiko kwa afisa masuuli wa taasisi inayonunua, ndani ya siku chache za kazi. Asiporidhika na jibu, hukata rufaa kwa Mamlaka ya Rufani za Zabuni za Umma, PPAA, chombo kilichowekwa chini ya uongozi wa jaji mstaafu ili kiwe na uzito na uhuru. Mamlaka ya Udhibiti, PPRA, husimamia mwenendo wa ununuzi wote. Na asiyeridhika na PPAA anaweza kwenda Mahakama Kuu kuomba mapitio.

Mapitio ya mahakama si rufaa, na hapa ndipo watu wengi, wakiwemo viongozi, wanapokosea. Jaji hapangi upya alama za wazabuni wala hasemi kampuni fulani ina mitambo bora kuliko nyingine. Mwamuzi wa mpira hafungi goli. Kazi yake ni kuhakikisha goli limefungwa kwa sheria. Mahakama Kuu huangalia kama aliyeamua alikuwa na mamlaka, kama alifuata utaratibu, kama alisikiliza pande zote, kama alizingatia yanayohusika na kuyaacha yasiyohusika, na kama uamuzi wake ni wa namna ambayo hakuna mtu mwenye busara angeufikia. Ikiridhika kwamba kuna kasoro, hutengua uamuzi, humzuia mtendaji asiendelee, au humlazimisha atimize wajibu wake.

Vigezo hivyo havikuletwa na wanaharakati. Mahakama ya Rufani ya Tanzania iliviorodhesha mwaka 1990 katika shauri la Sanai Murumbe na mwenzake dhidi ya Muhere Chacha, lililotoka huku huku Kanda ya Ziwa, na hadi leo mawakili wetu hulitaja karibu kila wanapoomba mapitio. Mahakama ya Juu ya India ilisema jambo la jamii hiyo hiyo mwaka 1994 katika shauri la kampuni ya Tata Cellular: jaji huangalia namna uamuzi ulivyofanywa, hageuki kuwa kamati ya tathmini. Kwa hiyo hofu kwamba majaji watageuka wahandisi haina msingi. Tangu mwanzo, sheria imewazuia kufanya hivyo.

Kwa nini mzabuni hunyamaza

Tatizo liko kwenye mlango. Ngazi za malalamiko katika sheria ya ununuzi zimeandikwa kwa ajili ya mzabuni. Yeye ndiye anayepewa notisi ya kusudio la kutoa zabuni, yeye ndiye anayehesabiwa siku, yeye ndiye anayeonekana kuwa na maslahi. Mantiki yake ni kwamba aliyeshindwa isivyo haki atapiga kelele, na kelele zake zitawalinda na wengine.

Mtazame mkandarasi wa daraja la kati hapa Mwanza. Ana mitambo ya mkopo na vibarua wanaosubiri Jumamosi. Mwaka huu ameikosa kazi ya mtaro. Mwaka ujao atahitaji kazi ya barabara kutoka ofisi ile ile, mbele ya watumishi wale wale. Akiwapeleka PPAA na kisha Mahakama Kuu, anaweza kushinda shauri na kupoteza soko. Wengi huchagua kumeza uchungu wao na kusubiri zamu. Ndiyo maana maneno ya hongo ya asilimia kumi husikika kwenye vijiwe vya kahawa na hayafiki kwenye hati za kiapo.

Kuna hali mbaya zaidi. Wazabuni wakikubaliana kupokezana kazi, huyu aweke bei ya juu leo ili yule ashinde, kesho wabadilishane, hakuna atakayelalamika kabisa. Kila karatasi itakuwa safi na kila saini mahali pake, huku bei ya daraja ikiwa imepanda. Na pale taasisi inapomwita mzabuni mmoja tu bila ushindani, hakuna aliyeshindwa, kwa hiyo hakuna mwenye haki ya kulalamika. Sheria iliyotegemea kelele za aliyeshindwa inakaa kimya hasa pale ambapo hatari ni kubwa.

Ripoti ya Mdhibiti na Mkaguzi Mkuu wa Hesabu za Serikali ya mwaka 2021/22 ilihoji utaratibu wa kumtumia mzabuni mmoja katika vipande vya reli ya kisasa vya Makutupora hadi Tabora na Tabora hadi Isaka, reli ile ile inayotakiwa kufika Mwanza. Sisemi nani alikuwa sahihi. Ninasema kwamba mjadala ule ulifanyika bungeni na magazetini baada ya mikataba kusainiwa. Mahali pake hasa palikuwa mbele ya chombo chenye uwezo wa kusoma nyaraka za pande zote na kutoa amri, na wakati wake ulikuwa kabla ya saini.

Mwananchi ana msingi wa kusimama

Je, mkazi wa Mabatini hana haki yoyote ya kuingia mahakamani leo? Anayo, lakini anaifikia kwa kuzunguka. Kanuni za mapitio ya mahakama za mwaka 2014, zilizotungwa chini ya Sura ya 310 ya sheria zetu, zinamruhusu kuomba kibali mtu ambaye maslahi yake yameathirika, au anayeamini yataathirika, kutokana na kitendo cha mamlaka. Mwenye nyumba iliyo mita chache kutoka mtoni, ambaye kalavati likijengwa vibaya litamwagia maji sebuleni, maslahi yake hayahitaji darubini kuonekana.

Katiba nayo inamuunga mkono. Ibara ya 26(2) inampa kila mtu haki ya kuchukua hatua za kisheria kuhakikisha hifadhi ya Katiba na sheria za nchi. Ibara ya 27 inamwekea kila mtu wajibu wa kulinda mali ya mamlaka ya nchi na mali inayomilikiwa kwa pamoja na wananchi. Jaji Kahwa Lugakingira, katika shauri maarufu la Mchungaji Christopher Mtikila katikati ya miaka ya 1990, alikubali kwamba mwananchi anaweza kusimama mahakamani kwa maslahi ya umma hata kama jeraha si lake binafsi. Uamuzi ule ulifungua mlango ambao nchi nyingine za Afrika Mashariki ziliutazama kwa heshima.

Baadaye tulirudi nyuma. Marekebisho ya mwaka 2020 ya Sheria ya Utekelezaji wa Haki na Wajibu Muhimu yalimtaka anayefungua shauri la haki za kikatiba aapie namna alivyoathiriwa yeye binafsi. Marekebisho hayo yalihusu njia nyingine, siyo moja kwa moja mapitio ya zabuni. Lakini ujumbe wake umesikika kote: usije mahakamani kwa jambo la wote. Ujumbe huo unapingana na Ibara ya 27. Hatuwezi kumwambia mwananchi kwamba ana wajibu wa kulinda mali ya umma, kisha tukamuuliza inamhusu nini.

Na kuna mahali ambapo tayari tunamwamini. Kinapojengwa chumba cha darasa kwa kutumia mafundi wa mtaani, kamati za wananchi huhusika kuchagua fundi, kupokea saruji na kuhesabu mifuko. Mapato na matumizi husomwa kwenye mkutano wa hadhara, na mzee yeyote anaweza kusimama na kumuuliza mwenyekiti wa mtaa mbona nondo zimepungua. Hakuna anayemwambia kwamba hana maslahi. Mali bila daftari huisha bila habari, na kwenye darasa tumeuzingatia msemo huo. Kazi ikipanda kutoka mamilioni kwenda mabilioni, mzee yule yule anageuka mtazamaji. Daftari linakuwa nene zaidi, na wanaoruhusiwa kulifungua wanapungua. Hapo mantiki imepinduka. Mkoa wa Mwanza una Daraja la Kigongo–Busisi, lenye urefu wa kilomita 3 na gharama ya zaidi ya shilingi bilioni 700, lililofunguliwa Juni 19, 2025. Mkoa unaoweza kubeba kazi ya ukubwa huo unaweza kubeba pia wananchi wanaouliza maswali.

Hukumu iliyochelewa hairudishi zege

Jirani zetu wamejifunza kwa gharama, na masomo yao tunayapata bure. Mwaka 2014 mwanaharakati Okiya Omtatah na wenzake, kikiwemo Chama cha Wanasheria cha Kenya, walikwenda mahakamani kupinga namna kampuni ya China Road and Bridge Corporation ilivyopewa kazi ya reli ya Mombasa hadi Nairobi bila ushindani. Mahakama Kuu ilitupa madai yao mwaka huo huo. Wakakata rufaa. Treni zikaanza kubeba abiria katikati ya mwaka 2017. Juni 19, 2020, Mahakama ya Rufani ikasema Shirika la Reli la Kenya halikufuata Ibara ya 227 ya Katiba wala sheria ya ununuzi. Juni 2023 Mahakama ya Juu ikaupindua uamuzi huo, ikisema ununuzi ule ulifungamana na makubaliano ya serikali mbili na hivyo haukubanwa na sheria ya kawaida.

Unaweza kukubaliana na Mahakama ya Rufani au na Mahakama ya Juu. Kinachonisumbua mimi ni kalenda. Shauri lilichukua zaidi ya miaka tisa. Hata kama Omtatah angeshinda hadi mwisho, hakuna jaji ambaye angeamuru reli ing'olewe. Kulikuwa na jambo jingine la kujifunza: baadhi ya nyaraka alizoleta ziliondolewa kwenye kumbukumbu za mahakama kwa sababu ya namna zilivyopatikana. Serikali ikificha mkataba, mwananchi hulazimika kutegemea nyaraka zilizovuja, na nyaraka hizo hazimsaidii mbele ya jaji.

Mwaka 2024 ukaonyesha upande wa pili. Mpango wa kuikabidhi kampuni ya Adani ya India uwanja wa ndege wa Jomo Kenyatta kwa miaka 30, wenye thamani ya dola bilioni 1.85, ulifichuka mwezi Julai kabla ya mkataba kusainiwa. Chama cha Wanasheria na Tume ya Haki za Binadamu ya Kenya, ambayo ni asasi ya kiraia, wakaenda mahakamani. Septemba 9, Mahakama Kuu ikasimamisha mpango. Novemba 21, baada ya waendesha mashtaka wa Marekani kumfungulia mashtaka Gautam Adani, Rais William Ruto aliufuta. Hakuna aliyelipwa fidia ya mkataba uliovunjwa wa uwanja ule, kwa sababu haukuwepo. Waombaji wale hawakuwa wazabuni. Kama sheria ingesema wazabuni pekee ndio wenye kauli, shauri lisingekuwepo.

Upande wa Uganda, kwenye ufuko wa ziwa letu hili hili, kuna barabara ya Mukono hadi Katosi na Nyenga, ya kilomita 74. Mwaka 2013 kazi ilipewa kampuni iliyojitambulisha kwa jina la Eutaw, ikajinasibisha na kampuni ya Mississippi nchini Marekani. Ililipwa malipo ya awali ya zaidi ya shilingi bilioni 24 za Uganda. Kampuni ya kweli ya Mississippi ilipoulizwa, ikasema haihusiki. Wakazi wa Katosi waliongezewa miaka ya vumbi na matope kwa kosa ambalo barua moja ya kuulizia, iliyotumwa kabla ya tuzo, ingelifichua.

Nasi tunayo ya kwetu ya kukumbuka. Mwaka 2006, mabwawa ya umeme yakiwa yamekauka, kampuni ya Richmond ilipewa kazi ya kuzalisha megawati 100. Swali kama zabuni ilifuata sheria lilijibiwa na Kamati Teule ya Bunge chini ya Dk. Harrison Mwakyembe Februari 2008, na Waziri Mkuu Edward Lowassa akajiuzulu. Mkataba ulikuwa umeshahamia kwa kampuni ya Dowans. Shirika la umeme, TANESCO, lilipouvunja, mahakama ya usuluhishi ya Paris iliamuru mwaka 2010 Dowans ilipwe fidia iliyokadiriwa kufikia shilingi bilioni 94. Bunge lilifanya kazi kubwa na ya kishujaa, lakini lilikuja baada ya saini. Nchi ikapoteza umeme, ikapoteza fedha, ikapoteza na viongozi, kwa jambo ambalo jaji mmoja, akiwa na jalada la zabuni mezani na mamlaka ya kusimamisha, angeweza kuliweka wazi kwa wiki chache.

Je, miradi haitakwama?

Wapo watakaosema kwamba nikimfungulia kila mkazi mlango wa mahakama, hakuna daraja litakalojengwa. Mvua haisubiri wakili. Mfadhili ana tarehe zake. Mpinzani wa kisiasa atakodi mkazi mmoja ili aukwamishe mradi wa diwani. Hoja hii ni nzito, na atakayeipuuza hajawahi kuishi bondeni akisubiri mtaro.

Lakini jibu lipo, na limeshajaribiwa. Kenya imeweka saa mezani. Bodi ya mapitio ya zabuni ina siku 21 kuamua. Asiyeridhika ana siku 14 kwenda Mahakama Kuu, ambayo ina siku 45. Rufaa inapelekwa ndani ya siku 7, na Mahakama ya Rufani nayo ina siku 45. Mahakama ikishindwa kuamua ndani ya muda huo, uamuzi wa bodi unabaki kuwa wa mwisho. Mahakama ya Rufani ya Kenya ilisema mwaka 2021, katika shauri la Aprim Consultants, kwamba siku hizo si mapendekezo: hukumu iliyotolewa nje ya muda ni batili. Sheria yetu imempa siku afisa masuuli na imeipa siku PPAA. Ikifika Mahakama Kuu, sheria ya ununuzi haiandiki tarehe ya mwisho. Katiba, Ibara ya 107A, inazitaka mahakama zisicheleweshe haki bila sababu ya msingi. Wajibu huo ugeuzwe kuwa namba.

Kuhusu wenye nia mbaya, kibali cha mahakama kipo kwa kazi hiyo. Kabla ya shauri kusikilizwa, jaji huangalia kama kuna hoja ya kweli. Asiye na hoja hurudi nyumbani mapema, na anaweza kuamriwa kulipa gharama. Na mahakama haikosi busara ya kutenganisha kosa na madhara. Afrika Kusini, katika shauri la kampuni ya AllPay mwaka 2013, Mahakama ya Katiba ilisema zabuni ya kulipa ruzuku za wazee na watoto ilitolewa kinyume cha sheria. Ikasimamisha utekelezaji wa tamko hilo ili mamilioni ya wanyonge wasikose fedha zao wakati zabuni inarudiwa. Jaji wa Mwanza anaweza kufanya vivyo hivyo: kuruhusu kazi ya dharura ya kuzibua mto iendelee, huku tuzo ya daraja ikirudishwa kwa afisa masuuli ifanyiwe tathmini upya.

Tena ucheleweshaji wa miradi hatuujui kwa sababu ya majaji. Miradi inayolala miaka nchini huchelewa kwa sababu mkandarasi hakuwa na uwezo, malipo hayakutoka, au usanifu ulikosewa. Sababu ya kwanza kati ya hizo ni matunda ya tathmini mbovu ya zabuni. Wiki sita za jaji mwanzoni ni nafuu kuliko miaka mitatu ya kubishana na mkandarasi asiye na greda.

Mambo matatu ya kufanya

Kwanza, siku taasisi inapotoa notisi ya kusudio la kutoa zabuni ya ujenzi, notisi hiyo na muhtasari wa tathmini viwekwe wazi kwenye NeST kwa kila mtu, kwa Kiswahili: nani waliomba, kwa bei gani, nani aliondolewa na kwa sababu gani. Nakala ibandikwe ofisi ya kata na ofisi ya mtaa. Sheria ya Haki ya Kupata Taarifa ya mwaka 2016 inaipa ofisi hadi siku 30 kumjibu mwananchi. Muda wa kulalamikia zabuni ni siku chache za kazi. Mwananchi anayefuata sheria ya kwanza kwa utii wote atapata karatasi zake wakati sheria ya pili imeshamfungia mlango. Njia pekee ya kuondoa mgongano huo ni kutomlazimisha kuomba.

Pili, Sheria ya Ununuzi wa Umma imtambue wazi mkazi wa eneo la mradi, kikundi cha wakazi, au asasi inayofanya kazi eneo hilo, kuwa na haki ya kulalamika kwa afisa masuuli, kukata rufaa PPAA na kuomba mapitio Mahakama Kuu. Haki hiyo isimame hasa pale ambapo kazi imetolewa bila ushindani. Siku zake zianze kuhesabiwa tangu notisi ilipobandikwa kwenye kata, na ada iwe ya kiwango ambacho mtaa unaweza kuchangishana.

Tatu, sheria hiyo iandike siku za Mahakama Kuu kumaliza mapitio ya zabuni, zisizidi 45, na mkataba usisainiwe hadi zipite. Mwanza ina Mahakama Kuu na ina mojawapo ya Vituo Jumuishi vya Utoaji Haki sita vilivyozinduliwa Oktoba 2021. Majengo yapo na majaji wapo. Mkazi wa Mabatini asilazimike kufunga safari ya Dodoma kuulizia daraja lililo mbele ya nyumba yake.

Haya hayahitaji Katiba mpya wala fedha za mfadhili. Yanahitaji Wizara ya Fedha ipeleke bungeni muswada mfupi wa marekebisho, na wabunge wa Kanda ya Ziwa wausimamie kwa sababu wapiga kura wao ndio wanaozama mvua zikinyesha. Chama cha Wanasheria Tanganyika nacho kisisubiri muswada: kanuni za mwaka 2014 zilivyo sasa zinatosha kumpeleka mkazi mmoja mwenye hoja safi mbele ya jaji, na shauri moja lililoandaliwa vizuri linaweza kuwaonyesha njia wote watakaofuata.

Nawe mkazi, wa Mabatini au wa popote palipo na mto na daraja, usingoje kibao. Fungua NeST uangalie kazi zilizotangazwa kwenye halmashauri yako. Muulize diwani wako kwenye mkutano ujao wa hadhara ni lini notisi ya kusudio itatolewa, na umtake aisome mbele yenu kabla mkataba haujasainiwa. Fedha zinazojenga daraja ni kodi yako, na Katiba imekuagiza uzilinde.